Kiapo Nilichokataa Kula

Kwa mwanangu Athmani, uliyelala chumba cha pili ukijifanya umelala,

Nakusikia unavyojigeuza kitandani, na wewe bila shaka wasikia kalamu yangu, maana kuta za nyumba hii hazifichi kitu. Basi tusumbuane hivyo hivyo mpaka kukuche. Salamu nitakupa kwa mdomo asubuhi, na dua utaipata mlangoni. Habari za nguo, za chakula na za kuchagua marafiki ameshakusomea shangazi yako tangu juzi hata nikakuonea huruma, nami sina la kuzidisha. Karatasi hii ni ya neno jingine.

Uliporudi kutoka Lamu ulikokuwa ukisoma, ukakuta kinu chetu kimefungwa na mlango wake umepigiliwa mbao, uliniuliza mara moja tu: "Mama, kwani kweli ulikuwa na deni la watu?" Nikakujibu, "Mungu ndiye ajuaye." Lile halikuwa jibu, Athmani. Nilikufungia mlango usoni. Wewe kwa adabu zako hukuuliza tena, na kesho waenda Mombasa kuchochea moto wa kampuni miaka mitatu kwa ajili ya deni ambalo hata hujui kama ni la kweli. Siwezi kukuacha utoke hivyo. Nitakueleza kama lilivyokuwa, na penye aibu sitaparuka.

Sijui kama wamkumbuka ngamia wa babu yako. Ulikuwa ukimpelekea mashudu mkononi, naye akikuramba mpaka kwenye kiwiko, wewe wacheka huku walia. Kutwa alikizunguka kinu macho yamefungwa kitambaa, na mafuta ya ufuta yakidondoka mtungini. Babu yako alinipa kinu kile mimi, angali hai, mbele ya mashahidi, kwa sababu mjomba wako Sefu hakuipenda harufu ya mafuta kwenye kanzu zake. Nikakiendesha mwenyewe, nimekaa nyuma ya mlango, napokea ufuta wa watu wa Kakuyuni na kuuza mafuta hapa mjini Malindi. Nilikuwa najivuna, nisikufiche. Wanawake wenzangu walingoja kupewa na waume zao, nami nilikuwa na changu.

Ngamia akafa. Nilimlilia kuliko nilivyowalilia baadhi ya jamaa zetu, na kununua mwingine sikuweza. Hapo ndipo alipoingia mzee Kamrudini, yule Mhindi wa Kibohora jirani yetu, ambaye kiwanda chake cha kuchambua pamba kilikuwa kimepakana na kinu chetu, ukuta mmoja. Alikuwa na injini ya stima, ya kuendeshwa kwa mvuke, ambayo ikinguruma vikombe vyetu vilitetemeka kabatini. Siku moja nimekwenda kumtazama mkewe, Sakinabai, tumekaa sisi wawili upande wetu wa pazia, mara nikamsikia mzee upande wa pili akikohoa kile kikohozi cha mtu anayetaka kusema.

"Bi Esha," akasema, "wewe ngamia amekufa. Mimi injini yangu, nusu ya nguvu yapotea bure. Tutoboe ukuta tu, tupitishe ukanda. Kinu chako kitazunguka chenyewe."

Ndivyo tulivyofanya. Fundi alitoboa tundu ukutani, ukanda wa ngozi ukapita, na siku ya kwanza kinu kilipozunguka pasipo mnyama watu walikuja kutazama kama waliokuja harusini. Nikawa nanunua nguvu, kama mtu anunuavyo maji. Kila mwezi na kodi yake. Kamrudini aliniletea karatasi ya makubaliano iliyopigwa chapa, aliyoiagiza Bombay, na marehemu baba yako akaisoma yote. Chini kabisa, kwa herufi ndogo mno, palikuwa na mstari: atakayechelewa kulipa kodi ya nguvu ataongezewa fungu kwa kila mwezi wa kuchelewa, na fungu lile nalo lisipolipwa litaongezewa.

Baba yako alimuuliza habari ya mstari huo. Kamrudini akacheka. "Huo nimeuweka kwa watu nisiowajua," akasema. "Bi Esha alipe mafuta yakiuzika. Mimi najua ufuta hauvunwi kila mwezi."

Nami ndivyo nilivyolipa miaka yote. Watu wa Kakuyuni walileta ufuta wakishavuna, nilikamua, niliuza, na nilipopata nilikwenda kwa Sakinabai na fedha kwenye pindo la leso na chupa ya mafuta mapya. Kodi ya miezi miwili, mara nyingine mitatu, kwa pamoja. Kila mara nilitoa udhuru wa kuchelewa, na kila mara sauti ile ya nyuma ya pazia ilijibu, "Nimesamehe, mama, nimesamehe. Kunywa chai." Sakinabai alikuwa ubavuni pangu, birika mkononi. Hayo alikuwa akiyasikia kama nilivyoyasikia mimi.

Baba yako, ambaye alikuwa mtu wa kuona mbali na mimi nikamwita mwenye wasiwasi, alinambia, "Esha, mwombe akuandikie stakabadhi, na aandike kwamba amesamehe kule kuchelewa." Nikamgeukia kwa hasira. Nimwombe stakabadhi mtu ambaye mkewe ndiye aliyenikanda nilipokuzaa wewe? Wewe wajua mambo yetu yalivyo. Kumwambia jirani "niandikie" ni kumwambia usoni kwamba ni mwizi. Baba yako hakulirudia, maana aliuchoka ulimi wangu. Nimemkosea mengi marehemu, na hilo ndilo ninalolikumbuka zaidi.

Kamrudini akaugua, akafa. Tulimzika vizuri kwa desturi zao, nikakaa na Sakinabai siku zote za msiba. Mwanawe hakutaka pamba wala Malindi. Aliuza kiwanda, injini na makaratasi yote kwa kampuni ya Mombasa, ile ile yenye nyumba ya taa za umeme unakokwenda kesho. Akaja meneja, Mzungu mwembamba asiyekunywa chai ya mtu. Akafungua makaratasi ya marehemu na kukuta kodi yangu imelipwa yote, hata senti haikubaki. Lakini akaona tarehe. Kila malipo yalikuwa yamechelewa, na mahali pa adhabu ya kuchelewa marehemu hakuandika kitu.

Meneja akaandika yeye. Miaka yote, mwezi juu ya mwezi, fungu juu ya fungu. Karani alipokuja kunisomea jumla mlangoni nilidhani amekosea nyumba. Nilikuwa sidaiwi kodi. Nilikuwa nadaiwa kuchelewa, na kule kuchelewa kulikuwa kumezaa na kupata wajukuu.

Nilikataa. Kesho yake wakauvuta ukanda upande wao na kuziba tundu kwa mawe. Nilikuwa nimekaa pale pale, kinu kimejaa ufuta, kikapunguza mwendo, kikasimama. Mzee Kahindi wa Kakuyuni alikuwa uani na mizigo yake, yeye na wakeze wametembea tangu alfajiri. Akanitazama, akasema, "Mama, kwani dzungu rakukatiya?" Nikamwambia ndiyo, Mzungu amenikatia. Akaikusanya mizigo yake asinilaumu, na hilo liliniuma kuliko angenitukana.

Kesi ikapelekwa kwa hakimu wa Kizungu, na kadhi akaitwa akae ubavuni mwake kwa kuwa mimi ni Muislamu. Mwanamke wa nyumba yetu hakuwa amewahi kutia mguu barazani pa hukumu, kwa hiyo mjomba wako Sefu akawa wakili wangu, na maneno ya huko yote niliyapata kwake. Kadhi alisema waziwazi kwamba fungu lile ni riba, wamelivisha jina jingine tu. Wakili wa kampuni, mtu wa kupaka watu mafuta kwa mgongo wa chupa, akajibu kwa upole kwamba riba ni faida ya mkopo, na hapa hapana mkopo. Pana nguvu iliyouzwa na mnunuzi aliyechelewa, naye alikubali adhabu yake kwa maandishi. Wakavutana siku nyingi juu ya jambo hilo, mpaka hakimu akachoka.

"Mimi sitasema habari ya riba," akasema hakimu. "Nitasema habari ya makubaliano. Mwenye injini wa kwanza ikiwa alisamehe, basi amesamehe, na kampuni haiwezi kudai alichokiachilia yeye. Ikiwa hakusamehe, mstari unasimama. Nani shahidi?"

Marehemu hazungumzi, na baba yako naye alikuwa ameshamfuata. Mwanawe alisema hajui lolote. Hapo kadhi akamnong'oneza hakimu, na hakimu akakubali: mwanamke mwenyewe aje, nyuma ya pazia ikiwa ataka, atie mkono juu ya msahafu, aape kwamba Kamrudini alimsamehe kila alipochelewa. Akiapa, madai yafutwe. Akikataa, alipe.

Sikia hapo, Athmani, maana ndipo nilipokuuza. Lilikuwa jambo la pumzi moja tu. Neno la kweli, nililolisikia kwa masikio yangu miaka na miaka. Nilivaa buibui langu, nikasimama ukumbini, viatu miguuni. Mjomba wako akasimama mbele ya mlango.

"Wenda wapi, Esha?"

"Naenda kuapa, kaka."

"Sisi hatuapi," akasema. "Nyumba hii haijapata kutia mkono juu ya msahafu kwa sababu ya fedha. Babetu alidhulumiwa shamba la Mambrui akalipa, hakuapa. Leo wewe mwanamke uende? Mji mzima utasema Esha kaapa ale mali ya watu."

"Lakini ni kweli, kaka. Nilimsikia."

"Hata kama ni kweli. Wajua yaliyompata yule mwanamke wa Mambrui. Aliapa, tena kwa haki yake, na mwaka haukupinduka akazika mtoto. Wewe una mmoja tu."

Alijua pa kunishika. Mwanangu, moyo wangu ulikwenda Lamu wakati ule ule, nikakuona umelala na homa, sijui kwa nini homa. Nikawaza, huenda mwaka mmoja mzee hakusema "nimesamehe," alisema "haya" tu. Huenda nitaapa na ndani yake mna neno moja lisilo kamili, na neno hilo lije likutafute wewe. Nikavua viatu. Nikakaa. Mjomba wako akaenda barazani kifua mbele, akasema dada yake ni mwanamke mwenye heshima zake na haapi. Na mjini wakamsifu, siku ile moja.

Hakimu aliandika: ametakiwa kuapa, amekataa, madai yamesimama. Waliotusifu Alhamisi, Jumamosi walikuwa wakisema, "Angekuwa na haki angeapa. Amekataa, basi deni ni la kweli." Nilitaka kulinda jina na kulinda mtoto. Jina likaenda, na mtoto aenda kesho.

Siku ya pili baada ya hukumu Sakinabai alipita mlango wa uani, hana hata viatu, akaanguka magotini pangu akilia. "Mimi nilisikia, Esha. Kila mara nilisikia. Nilikuwa hapo na birika."

Nilimshika mabega nikamtikisa, sioni haya kukwambia. "Mbona hukusema? Mbona hukuja ukasema?"

"Mtoto wangu alinikataza. Alisema mama yake hatasimama mbele ya watu kwa kinu cha mtu." Kisha akanitazama na yale macho mekundu. "Na wewe je? Mbona hukuapa?"

Nikamwachia mabega. Tulikaa pale jikoni wanawake wawili wazima, tulioijua kweli yote baina yetu, na hakuna aliyeitamka mahali ilipohitajiwa. Sijapata kujidharau kama siku ile.

Yaliyobaki uliyaona. Kinu kilipigwa mnada, mawe ya babu yako yakaenda kwa bei ya mawe. Hakikutosha. Kikabaki kipande cha deni, na kipande hicho nacho kikaanza kuchelewa na kuzaa, mpaka wakaigeukia nyumba hii. Ndipo meneja alipokaa kibarazani petu na kumwambia mjomba wako, kwa kinywa cha karani, kwamba nyumba yaweza kubaki ikiwa kijana wa nyumba atakwenda kuchochea tanuri za nyumba ya umeme Mombasa, miaka mitatu, nusu ya ujira wake ikatwe. Nilikuwa nyuma ya mlango. Nilikuwa nimeshafungua kinywa niseme chukueni nyumba, na wewe ukanitangulia. "Andika jina langu," ukasema, kwa sauti ya mtu aliyeombwa kuvuta maji. Mjomba wako aliishika kofia yake akaikagua kama mtu anayetaka kuinunua. Hajasema neno mpaka leo, na wala simngoji.

Nimekaa na jambo hili miezi, na sikupata ndani yake hekima kubwa ya kukuaga nayo. Sitakwambia usimwamini jirani. Kamrudini alikuwa mtu mwema mpaka kufa kwake, na laiti ningemwomba stakabadhi angekasirika kutwa moja, kesho yake angeniandikia. Wema wake ulikuwa wa kweli. Ila ulikuwa ndani ya kifua chake tu, na alipozikwa ukazikwa naye. Basi kila mwezi watakapokukata ujira, mwambie karani akuandikie kwamba amekata. Hata kama amekuita ndugu, hata kama mmekula sahani moja. Atanuna. Mwache anune.

Jingine lanisumbua zaidi. Nasikia huko Mombasa ile nguvu inapita kwenye waya badala ya ukanda, na kampuni yawauzia wenye viwanda, mwenye barafu na mwenye kusaga unga, na karatasi zao chini zina mstari ule ule. Wewe utakuwa tanurini, umejaa masizi, na watu hawamuoni mtu wa tanurini. Watasema mbele yako. Utamsikia bwana mkubwa akimwambia mtu, "Usijali, lipa ukipata." Na siku moja mtu huyo ataletwa mbele ya hakimu, aulizwe shahidi wako nani, atazame huku na huku. Mwanangu, siku hiyo usiwe nyuma ya pazia. Sisi wawili, mimi na Sakinabai, tulikaa huko, na wewe ndiye unayelipa. Usiseme nina mama mjane, usiseme nyumba yetu haiapi. Ikiwa ulisikia, nenda ukaseme ulisikia. Watakufukuza, huenda wakaichukua nyumba hii. Nitatoka na kijamvi changu bila kukulaumu.

Naogopa moto ule, nikwambie tu. Naogopa mvuke, nimeona mkono wa mtu wa injini ya Kamrudini. Naogopa utarudi na kifua cha mzee na mimi ndiye niliyekizeesha. Naogopa usirudi. Mara nyingine watoto huona mama hasemi wakadhani haogopi.

Taa yaishiwa mafuta, na ni mafuta ya kununua, ya mtu mwingine. Ulichoniuliza ukumbini uliporudi kutoka Lamu nakujibu sasa, kwa njia ambayo baba yako angependa.

Stakabadhi. Mimi Esha, mama yake Athmani, nimepokea kutoka kwa mwanangu miaka mitatu ya ujana wake, imelipwa mapema, kwa hiari yake, kwa deni ambalo halikuwa lake wala langu.

Na hiki hapa kiapo. Nimetawadha, msahafu uko chini ya mkono wangu wa kushoto, na wa kulia unaandika. Wallahi, wabillahi, watallahi, Kamrudini alinisamehe kila nilipochelewa. Hatukuwa na deni, Athmani. Nimechelewa kusema, na adhabu ya kuchelewa kwangu waenda kuilipa wewe.

Mama yako,
Esha